Kwa Nini Reli Nyingi za Alaska Zilikufa na Moja Ikabaki

Kwenye ramani ya reli za Amerika Kaskazini kuna jambo la ajabu upande wa juu kushoto. Mtandao mkubwa unaanzia Meksiko, unapita Marekani, unafika mbali kaskazini mwa Kanada, halafu unakoma. Mbele yake ni misitu na milima kwa mamia ya kilomita. Ndipo inapotokea reli nyingine iliyokaa peke yake: inaanzia Seward kwenye bahari ya Pasifiki, inapita Anchorage, inakata milima na kuishia Fairbanks, katikati ya Alaska. Ina urefu wa kilomita 756, na haijaungana na reli yoyote ya bara.

Ukiuliza kwa nini, wengi watakujibu kwamba ni baridi. Jibu hilo halitoshi. Urusi ilitandika reli kuvuka Siberia yote, na ndani ya Alaska yenyewe wahandisi walionyesha mapema kabisa, kati ya 1898 na 1911, kwamba theluji na milima havikuwashinda. Kilichowashinda wawekezaji wengi ni hesabu. Treni itabeba mzigo gani? Mzigo ukikosekana, nani atalipa? Na Washington, makao ya serikali iliyoinunua Alaska kutoka Urusi mwaka 1867 kwa dola milioni 7.2, inaruhusu nini na inakataza nini? Maswali hayo matatu ndiyo yaliyoamua reli ipi iishi na ipi ife.

Tuanze na dhahabu, maana ndiyo iliyoita watu. Agosti 1896 iliokotwa katika vijito vya Klondike, upande wa Kanada, na mwaka uliofuata habari zilipofika Seattle na San Francisco makumi ya maelfu ya watu walipanda meli kwenda kaskazini. Walishukia Skagway na Dyea, miji ya pwani ya Alaska, kisha wakapanda milima kwa miguu. Polisi wa Kanada waliwasubiri mpakani na masharti magumu: hupiti kama huna chakula na vifaa vya mwaka mzima, mzigo wa karibu tani moja kwa kila mtu. Mzigo huo ulibebwa kwa awamu, mgongoni au kwa wanyama. Katika njia ya White Pass inakadiriwa farasi 3,000 walikufa, wengi kwa njaa, kuvunjika miguu na kuporomokea mabondeni.

Hapo mkandarasi Michael J. Heney aliona reli inawezekana. Fedha zilitoka London, na kazi ikaanza Skagway Mei 1898. Walichagua geji nyembamba, upana wa sentimita 91 tu, na uamuzi huo ulikuwa wa busara: reli nyembamba inakata kona kali zaidi na inahitaji ukingo mdogo wa kuchongwa kwenye jabali. Kila futi iliyopunguzwa kwenye upana ilikuwa baruti na miezi iliyookolewa. Kutoka usawa wa bahari njia ilipanda karibu mita 880 ndani ya kilomita 32 hivi. Februari 1899 ilifika kileleni, na tarehe 29 Julai 1900 msumari wa mwisho ulipigwa Carcross, Kanada. Skagway na Whitehorse, mji ulio ndani zaidi upande wa Kanada, zikaunganishwa kwa kilomita 177.

Lakini wakati huo wimbi la dhahabu lilikuwa limehamia Nome, magharibi kabisa mwa Alaska. Reli iliyojengwa kubebea wachimbaji ikabaki bila wachimbaji. Iliokolewa na madini mengine ya Yukon, eneo la Kanada reli ilikoishia. Bei za madini zilipoanguka mwaka 1982 na mgodi mkubwa wa Faro kufungwa, reli nayo ikafungwa mwaka huohuo. Ilifufuka 1988 ikiwa reli ya watalii. Ndivyo reli ya nchi isiyo na watu wengi inavyokuwa: inaishi na mteja mmoja, na mteja huyo akiondoka inaondoka naye.

Reli ya pili ilikuwa na ndoto kubwa zaidi. Mwaka 1903 John Ballaine alianzisha mji wa Seward kwenye ghuba isiyoganda majira ya baridi, na kampuni ya Alaska Central ikaanza kutandika reli kuelekea ndani ya nchi. Njiani kulikuwa na makaa ya mawe ya bonde la Matanuska, mzigo wa uhakika kabisa, na juu ya hayo makaa ni chakula cha injini za mvuke. Hesabu ilikuwa nzuri kwenye karatasi.

Ikavurugwa na maamuzi mawili ya Washington. La kwanza lilikuwa kodi: sheria ya 1899 ilitoza kila reli ya Alaska dola 100 kwa mwaka kwa kila maili inayotumika, ipate faida isipate. La pili lilikuwa zito zaidi. Novemba 1906 Rais Theodore Roosevelt alifunga ardhi yote yenye makaa ya mawe katika Alaska isichukuliwe na mtu, akihofia matajiri wachache wasije wakaimeza. Hofu hiyo ilikuwa na msingi, na nitaieleza mbele kidogo. Ila kwa Alaska Central maana yake ilikuwa kwamba mzigo wake ulikuwa umefungiwa ardhini, na makaa ya injini zake ilibidi yaagizwe kwa meli kutoka nje. Kampuni ikafilisika, ikauzwa, ikabadili jina kuwa Alaska Northern, ikasogea hadi kilomita 114 kutoka Seward na kusimama hapo porini. Hakukuwa na mji mbele wala mgodi. Mataruma, zile mbao za chini ya reli, yakaanza kuoza.

Ya tatu, kwa maoni yangu, ndiyo kazi kubwa ya kihandisi kuliko zote za Alaska. Kwenye milima juu ya mto Copper kulikuwa na shaba safi ajabu. Waahtna, wenyeji wa bonde hilo, walikuwa wakiifua kwa visu na vichwa vya mishale muda mrefu kabla mzungu hajafika. Mwaka 1900 watafuta madini wawili waliona mlima wenye rangi ya kijani ya shaba pale paitwapo Kennecott, na haikuchukua muda J.P. Morgan na familia ya Guggenheim, wenye benki na wenye migodi, wakaungana kuimiliki. Shaba ilikuwepo, fedha zilikuwepo. Njia ya kuifikisha baharini haikuwepo.

Njia ilibidi ifuate mto Copper, na mto huo unapita kati ya barafuto mbili, yaani mabamba makubwa ya barafu yanayoteremka polepole kutoka milimani. Barafuto ya Miles iko upande mmoja, ya Childs upande mwingine. Majira ya joto zinamegeka na kudondosha mtoni mapande ya barafu yenye ukubwa wa nyumba. Reli ikibaki ukingo mmoja inagonga Miles, ikivuka mapema inagonga Childs. Palikuwa na mahali pamoja tu pa kuvukia, katikati ya hizo mbili, penye maji ya kasi.

Heney yuleyule wa White Pass ndiye aliyeona kwamba panapitika, akawauzia wenye shaba haki ya njia kisha wakamwajiri kujenga kuanzia Cordova, mji wa pwani. Nguzo za daraja zilishushwa chini sana kwenye kitanda cha mto, na mbele ya kila nguzo ikajengwa ngao ya zege na chuma ya kupasulia barafu. Kuunganisha vyuma vya juu kulihitaji jukwaa la muda la mbao, na jukwaa hilo walilisimamisha majira ya baridi juu ya mto ulioganda. Barafu ngumu ikawa sakafu yao ya kazi.

Masika ya 1910 maji yalianza kupanda chini ya barafu hiyo na kuinyanyua pamoja na jukwaa. Kipande cha tatu cha daraja kilikuwa hakijakamilika. Jukwaa zima lilisogezwa karibu sentimita 38 kuelekea chini ya mto, pamoja na mamia ya tani za chuma zilizokuwa juu yake. Wafanyakazi wakapitisha mabomba ya mvuke kuzunguka mamia ya nguzo za mbao na kuyeyusha barafu iliyozishika, usiku na mchana, kisha wakafunga kamba na kuvuta jukwaa lirudi mahali pake kidogo kidogo. Kipande kikakaa sawa juu ya nguzo zake. Muda mfupi baadaye barafu ilipasuka na kulibeba jukwaa lote. Daraja lilibaki limesimama, urefu wa mita 472, gharama dola milioni 1.4, na hadi leo linaitwa Daraja la Dola Milioni. Heney hakuiona reli ikikamilika. Alifariki Oktoba 1910.

Sehemu nyingine ya njia ilipita juu ya barafuto yenyewe kwa kilomita kadhaa, mataruma yakiwa yamelazwa juu ya udongo na kokoto zilizofunika barafu. Barafu ya chini ilikuwa hai, ikisogea na kuyeyuka, hivyo vikundi vya matengenezo vilinyoosha reli mara kwa mara. Na karibu na Chitina reli ilivuka mto kwa daraja la mbao ambalo barafu ililing'oa kila masika, nalo likajengwa upya kila mwaka. Hakuna reli ya kawaida inayoweza kubeba gharama ya aina hiyo. Hii iliweza kwa sababu shaba ya Kennecott ilikuwa ya thamani kubwa. Ujenzi wote, kilomita 315 hadi Machi 1911, uligharimu dola milioni 23, na migodi ikatoa shaba ya karibu dola milioni 200. Shaba ilipokwisha, treni ya mwisho ilipita Novemba 1938. Cordova ikabaki bila reli, na tetemeko kubwa la ardhi la Machi 1964 likaangusha upande mmoja wa lile Daraja la Dola Milioni.

Mafanikio hayohayo ndiyo yaliyoitia Washington hofu. Morgan na Guggenheim walikuwa na migodi, reli, meli na viwanda vya kusindika samaki. Mwaka 1907 wafanyakazi wao waligombania njia na kampuni pinzani kwenye korongo la Keystone karibu na Valdez, risasi zikapigwa na mtu mmoja akafa. Ilipoonekana mkono wao umeanza kufikia na makaa ya mawe, mzozo ulipasua serikali ya Rais Taft. Mkuu wa idara ya misitu, Gifford Pinchot, alifukuzwa kazi mwaka 1910 kwa kumshambulia hadharani waziri aliyehusika. Wakazi wa Alaska nao walikuwa na hasira zao: wamekaa juu ya makaa huku wakinunua ya kigeni. Mei 1911 watu wa Cordova walikwenda gatini na kumwaga baharini makaa yaliyoagizwa kutoka Kanada.

Kwa hiyo tatizo lilikuwa na pande mbili zinazovutana. Ukiwaachia matajiri wajenge, watajenga panapowafaa wao na kuimiliki nchi. Ukiwazuia, hakuna atakayejenga. Jibu lililopatikana halikuwa la kawaida kwa Marekani: serikali ijenge yenyewe na kuendesha yenyewe. James Wickersham, mjumbe wa Alaska bungeni asiyekuwa na haki ya kupiga kura, aliutetea muswada huo kwa hotuba ya saa tano na zaidi. Rais Woodrow Wilson alitia saini tarehe 12 Machi 1914. Sheria iliruhusu hadi maili 1,000 za reli na dola milioni 35. Mwaka huohuo sheria nyingine ikafungua makaa kwa njia ya kukodisha, si kuuza.

Serikali iliinunua ile reli iliyooza ya Seward kwa dola milioni 1.15. Baadaye ikanunua pia reli ndogo ya wachimbaji wa Fairbanks kwa dola 300,000. Katikati ya vipande hivyo viwili ndipo kazi mpya ilipokuwa. Mhandisi Frederick Mears, aliyetoka kwenye ujenzi wa reli ya Panama, aliweka kambi mdomoni mwa kijito cha Ship Creek, kwenye nchi ya Wadena'ina waliovua samaki hapo vizazi kwa vizazi. Mashine nyingi zilitoka moja kwa moja kwenye mfereji wa Panama uliokuwa umemalizika. Mahema yakajaa, na Julai 1915 viwanja 655 vikapigwa mnada. Hiyo ndiyo Anchorage, leo mji mkubwa kuliko yote Alaska. Anayejua jinsi Nairobi ilivyoanza mwaka 1899 kama kituo cha reli penye maji ataitambua hadithi hiyo.

Julai hiyohiyo, huko Fairbanks, ulifanyika mkutano ambao naona unastahili nafasi kubwa kuliko inayopewa. Machifu na viongozi wa Waathabaska wa bonde la mto Tanana walikutana na Wickersham tarehe 5 na 6. Aliwaambia wazi: reli inakuja, walowezi watakuja nayo, nao watachukua ardhi nzuri. Akawapa chaguo mbili, kupimiwa mashamba mtu mmoja mmoja au kutengewa maeneo maalumu kama Wahindi Wekundu wa majimbo mengine. Wakakataa zote mbili. Walieleza kwamba maisha yao ni ya kuhama na misimu, kufuata wanyama na samaki, na kwamba kufungiwa mahali pamoja kutawaua. Waliomba shule, matibabu na kazi kwenye reli hiyo. Maneno yao yaliandikwa yote, kwa hiyo hakuna anayeweza kudai kwamba wenyeji hawakuelewa kinachokuja. Walielewa kuliko wengi waliokuwa wakikijenga. Ardhi yao haikupata ufumbuzi wa kisheria hadi sheria ya madai ya wenyeji ya 1971.

Ujenzi wenyewe ulikutana na adui ambaye White Pass haikumjua vizuri: ardhi iliyoganda daima. Kaskazini mwa milima, karibu na Nenana na Fairbanks, udongo wa chini haujayeyuka kwa maelfu ya miaka. Juu yake kuna tabaka la kuvumwani na mizizi linalouhifadhi na jua. Mjenzi anapokwangua tabaka hilo na kumwaga kokoto, joto la kiangazi linapenya. Barafu iliyomo udongoni inakuwa maji, udongo unakuwa tope, tuta linazama. Halizami kwa usawa, kwa sababu barafu ya chini haiko sawa kila mahali, kwa hiyo reli iliyonyooka inapindapinda kama wimbi. Majira ya baridi hutokea kinyume: maji yanavutwa kuelekea sehemu inayoganda, yanatengeneza mabonge ya barafu, yanainua reli. Watu wa matengenezo huingiza vipande vya mbao chini ya chuma ili kusawazisha, na masika huvitoa tena. Kosa haliwezi kusahihishwa mara moja likaisha. Kokoto huongezwa miaka nenda miaka rudi.

Vita Kuu ya Kwanza vilipandisha bei na kuondoa wafanyakazi. Wilson akaondoka, Warren Harding akaja. Mwaka 1921 daraja la chuma lilivuka korongo la Hurricane, mita 90 juu ya kijito. La mwisho lilikuwa la Nenana kuvuka mto Tanana, uwazi mmoja wa mita 213, likakamilika Februari 1923. Ni huko Nenana ambako wafanyakazi wa reli walianza mwaka 1917 kuchanga dola 800 na kubashiri ni dakika gani barafu ya mto itavunjika. Mchezo huo unaendelea kila mwaka hadi leo. Tarehe 15 Julai 1923 Harding alipiga hapo msumari wa dhahabu. Alifariki San Francisco tarehe 2 Agosti, akiwa bado kwenye safari hiyo. Bajeti ya dola milioni 35 ilikuwa imefika karibu milioni 60.

Na mzigo? Haukuwepo wa kutosha. Reli ilikula hasara mwaka baada ya mwaka, na meneja wake kuanzia 1928, Otto Ohlson, alikuja na jibu ambalo Mkenya atalielewa bila kuelezwa: lete wakulima. Sir Charles Eliot, kamishna wa Kiingereza, aliwaalika walowezi kwenye nyanda za juu za Kenya ili Reli ya Uganda ijilipe. Mwaka 1935 serikali ya Marekani ilihamishia bonde la Matanuska familia takriban 200 kutoka Minnesota, Wisconsin na Michigan. Kote kuwili reli ilitangulia, kisha wakatafutwa watu wa kuipa kazi. Reli ya Alaska ilipata faida yake ya kwanza mwaka 1938. Kampuni binafsi isingeweza kungoja miaka hiyo 15. Hazina ya taifa iliweza. Hiyo ndiyo tofauti yote kati yake na Alaska Central, maana mwanzo wa njia ni uleule na milima ni ileile.

Vita vya Pili vikaleta mzigo wa jeshi na handaki la kilomita 4 hadi bandari ya Whittier. Mwaka 1985 serikali kuu iliiuza reli kwa jimbo la Alaska kwa dola milioni 22.3. Tangu hapo imebeba kokoto, mafuta, makaa na watalii, na kila mteja anapoondoka pengo linaonekana: kiwanda cha kusafishia mafuta karibu na Fairbanks kilifungwa 2014, na makaa ya kusafirishwa nje kupitia Seward yakakoma 2016.

Ile nafasi tupu kati ya Alaska na reli za Kanada imepimwa na kujadiliwa mara nyingi. Mara ya karibuni kampuni moja ilipanga njia ya takriban kilomita 2,500 kutoka Alberta, ikapata kibali cha rais wa Marekani mwaka 2020, na mwaka uliofuata, mfadhili wake alipoanguka, ikaomba mahakama iikinge na wadai. Mabehewa ya mizigo yanayotoka majimbo mengine bado yanapakiwa kwenye matishali Seattle, yanavutwa baharini, na kuteremshwa Whittier yakiwa tayari juu ya magurudumu yake.